Nani Anaosha Sufuria za Mgahawa wa Kifaransa?

Kila yanapozungumzwa mapishi ya Kifaransa, kuna mazoea ya kuyaeleza kama tabia ya taifa: Wafaransa, tunaambiwa, wamejaaliwa ulimi. Maelezo hayo yanapendeza, lakini hayafafanui chochote. Mgahawa mdogo wa Kifaransa wa mtindo wa kale, ule wenye meza kumi au kumi na mbili, vitambaa vyeupe, taa hafifu, na mwenye nyumba anayewaita wateja wake kwa majina, haukuchipua kutoka katika ulimi wa mtu yeyote. Umejengwa na sheria, kodi na mapinduzi, na zaidi ya yote umejengwa na watumishi. Hoja yangu ni kwamba kwa muda mrefu mgahawa huo ulikuwa ngazi ambayo mtumishi wa jikoni aliweza kuipanda hadi akawa mwenye nyumba. Na kwamba dola ya Ufaransa, ambayo haichoki kujivunia chakula chake, imeiondoa ngazi hiyo miguuni pa walewale wanaoosha sufuria zake leo.

Tuanze na meza yenyewe, maana nayo ina historia ya kisiasa. Kabla ya miaka ya 1760, mgeni mwenye njaa mjini Paris aghalabu alikula katika meza ya pamoja ya nyumba ya wageni. Alikula saa iliyopangwa na mwenyeji, chakula kilichoteuliwa na mwenyeji, akiwa amebanwa katikati ya watu asiowajua; na aliyechelewa alikuta mifupa. Neno restaurant wakati huo halikuwa jina la mahali bali la mchuzi: supu nzito ya nyama iliyochemshwa kwa muda mrefu, ambayo iliaminiwa kumrudishia mgonjwa nguvu zake. Wajasiriamali wachache, Mathurin Roze de Chantoiseau akiwa miongoni mwao, walianza kuiuza supu hiyo katika vyumba nadhifu. Na kwa kuwa mgonjwa hawezi kulazimishwa kula kwa kengele wala kusukumana na wenye afya, ilibidi apewe meza yake ndogo, saa aitakayo yeye, na orodha ya vyakula yenye bei dhahiri. Baadaye wagonjwa waliondoka. Meza ndogo ikabaki.

Mara nyingi husimuliwa kwamba migahawa ilizaliwa na Mapinduzi ya 1789, wapishi wa makabaila walipopoteza mabwana zao na kuingia mitaani kutafuta riziki. Simulizi hiyo si sahihi kabisa, kwani migahawa ilikuwa imetangulia Mapinduzi kwa takriban miongo miwili, na Antoine Beauvilliers, aliyewahi kuhudumu katika nyumba ya ndugu wa mfalme, alikuwa ameanza biashara yake katika miaka ya 1780. Hata hivyo kuna ukweli ndani yake. Mwaka 1791 vilifutwa vyama vya mafundi vilivyokuwa vikiamua nani ana haki ya kuuza nyama ya kuchoma na nani ana haki ya kuuza mchuzi. Tangu hapo aliyejua kupika na kulipia leseni aliweza kufungua mlango. Aliyekuwa akipika kwa amri ya mtu mmoja akawa anapika kwa ajili ya yeyote mwenye fedha. Usawa wa mfuko wa fedha si usawa kamili, na sipendi kuupamba; lakini ulitosha kumgeuza mtumishi kuwa mwenye mali.

Mfano ulio bora kuliko wote hautoki Paris bali Lyon, na si wa mwanamume. Katika jiji hilo, karne ya 19 na nusu ya kwanza ya karne ya 20, wanawake waliokuwa wapishi katika nyumba za matajiri walianzisha migahawa midogo, nao wateja wakawaita “akina mama”. Eugénie Brazier alizaliwa mwaka 1895 mashambani, katika jimbo la Ain. Mama yake alifariki Eugénie akiwa na miaka kumi, naye akapelekwa kufanya kazi katika mashamba ya watu. Alipopata mtoto bila ndoa, baba yake alimfukuza. Akaenda Lyon kutumika katika nyumba ya familia tajiri, akamwacha mtoto kwa mlezi, na huko jikoni ndiko alikopata ufundi. Mwaka 1921 alifungua mgahawa wake katika mtaa wa Royale, mahali palipokuwa duka dogo la vyakula. Mwaka 1933 kitabu cha Michelin, kilichokuwa kimeanza kugawa nyota mwaka 1926, kilimpa nyota tatu kwa mgahawa huo na nyota tatu nyingine kwa mgahawa wake wa pili ulioko mlimani nje ya jiji. Hapakuwa na mpishi yeyote aliyewahi kufikia nyota sita kwa pamoja.

Chakula chake kilikuwa nini? Orodha fupi, karibu ileile mwaka baada ya mwaka. Mioyo ya artichoke yenye ini la bata. Kuku wa Bresse aliyetiwa vipande vyembamba vya uyoga mweusi wa truffle chini ya ngozi, hata akaonekana amevaa weusi kiasi. Wafaransa humwita kuku wa “nusu msiba”. Hakukuwa na mbwembwe. Meya wa Lyon, Édouard Herriot, ambaye pia aliwahi kuwa waziri mkuu wa Ufaransa, alikuwa mteja wake wa kudumu. Yafikiri mandhari hayo: kiongozi wa jamhuri ameketi mezani, akimsubiri binti wa kijijini aliyefukuzwa na baba yake aamue kuku ameiva au bado. Na mwaka 1946 kijana mmoja aitwaye Paul Bocuse alipanda mlimani kwenda kujifunza kwake, akawekwa kukamua ng'ombe na kufua kabla ya kukabidhiwa jiko. Bocuse ndiye ambaye dunia nzima ingekuja kumtaja kama baba wa mapishi ya Ufaransa. Huyo baba alikuwa na mama.

Nimekaa kwa Brazier kwa sababu maisha yake yanaonyesha mgahawa mdogo ulivyofanya kazi kama taasisi ya kijamii. Ulihitaji mtaji mdogo. Ulihitaji ujuzi ambao mtumishi aliupata bila kulipa ada, kwa kuutumikia. Haukudai cheti cha shule. Lakini ulidai sharti moja ambalo Brazier hakuwahi kulifikiria kwa kuwa alizaliwa nalo: haki ya kuwapo nchini.

Sasa tuingie jikoni mwa leo. Auguste Escoffier, aliyeionja nidhamu ya jeshi katika vita vya 1870 kati ya Ufaransa na Prussia, aliyapanga majiko ya hoteli kubwa kama kikosi: mpishi mkuu, naibu wake, wakuu wa sehemu za michuzi, samaki na nyama za kuoka, wasaidizi, na mwishoni kabisa mwosha vyombo. Mgahawa wa meza kumi na mbili hauna uwezo wa kuajiri kikosi. Kwa kawaida una mwenye mgahawa anayepika, mwenzi wake au mhudumu mmoja upande wa wateja, msaidizi, na mwosha vyombo. Wateja 24 wakila sehemu nne kila mmoja, hizo ni sahani 96 kabla hujahesabu glasi, visu, masufuria ya shaba na tanuri lililoganda mafuta. George Orwell aliifanya kazi hiyo katika hoteli ya Paris na kuieleza katika kitabu alichokitoa mwaka 1933. Kitabu ni kizuri, ila Orwell alikuwa na mahali pa kurudi.

Mwosha vyombo wa Paris ya leo aghalabu ni mtu kutoka bonde la mto Senegal, yaani Mali, Mauritania au Senegal yenyewe. Au ni Mtamil wa Sri Lanka, au Mbangladeshi. Na hakai kwenye sinki tu. Usiku msaidizi asipotokea, huambiwa amenye viazi. Baada ya mwaka anachemsha mifupa ya mchuzi. Baada ya miaka mitatu yeye ndiye anayepika blanquette, ile nyama ya ndama yenye mchuzi mweupe ambayo mteja anaila macho yakiwa yamefumba kwa raha na kusema kwamba hii ndiyo Ufaransa ya bibi yake. Ndani ya supu ya nyama hiyo huwekwa kitunguu kilichochomekwa karafuu mbili tatu. Msomaji wa Unguja au Pemba asiipite karafuu hiyo haraka. Miche yake iliibwa kutoka visiwa vya Maluku na watu wa Pierre Poivre, ofisa wa Kifaransa, ikaletwa Mauritius mwaka 1770. Na kutoka visiwa hivyo vya Wafaransa katika Bahari ya Hindi ndiko ilikotoka hadi Zanzibar mwanzoni mwa karne ya 19, ikapandwa na kuchumwa kwa mikono ya watumwa. Vanila ya kitindamlo ina habari kama hiyo. Njia ya kuchavusha ua lake kwa mkono iligunduliwa kisiwani Réunion mwaka 1841 na Edmond, mtumwa wa umri wa miaka 12 hivi, ambaye alipewa jina la ukoo, Albius, baada ya utumwa kukomeshwa mwaka 1848, akafa maskini mwaka 1880. Kwa hiyo si jambo jipya kwamba mezani pawe na jasho la mtu asiyekaribishwa mezani.

Jipya ni kwamba watu hawa walisimama wakasema. Februari 2008 wapishi na waosha vyombo wa mgahawa mmoja maarufu karibu na Arc de Triomphe, wengi wao kutoka Mali, waligoma na kukaa ndani ya mgahawa wenyewe wakiungwa mkono na chama cha wafanyakazi cha CGT. Walikuwa hawana vibali vya ukaazi. Walikuwa na hati za mishahara, walikatwa michango ya pensheni na bima, walilipa kodi. Wengine walifanya kazi hizo kwa kutumia karatasi za ndugu au za kughushi, kama wafanyavyo wengi. Wengi wa wagomaji hao walipewa vibali. Aprili ya mwaka huohuo mgomo ulienea kwa mamia ya wafanyakazi wa migahawa, usafi na ujenzi, na kuanzia Oktoba 2009 ukawa mgomo wa maelfu. Wateja wa Paris waligundua kwa mshangao kwamba waliokuwa wakiwapikia chakula cha kale cha Kifaransa ni watu ambao polisi wangeweza kuwapandisha ndege kesho yake.

Lakini tazama ni wapi migomo hiyo ilifanikiwa: katika migahawa mikubwa, yenye wafanyakazi wengi wa hali moja. Mwosha vyombo wa mgahawa wa meza kumi na mbili atagoma na nani? Yuko peke yake. Mwenye mgahawa ni mwajiri wake, pengine ndiye aliyemtafutia chumba, humkopesha nauli, humwita “mdogo wangu” na humpa mkate uliobaki apelekee wenzake. Ukaribu uleule unaomfurahisha mteja ndio unaomfunga mdomo mfanyakazi. Sidai kwamba ukaribu huo ni unafiki. Mara nyingi ni wa kweli, na hilo ndilo linaloufanya uwe mgumu kuusema. Mtu anaweza kukupenda kwa dhati na bado akanufaika kwa kuwa huna pa kwenda.

Kuna wanaosema kwamba mwenye mgahawa mdogo hana chaguo, kwamba pango, kodi na bei ya siagi vinamkaba. Kwa sehemu nakubaliana nao. Lakini dola haikumwacha hivihivi. Tarehe 1 Julai 2009, miezi mitatu tu kabla ya mgomo ule wa maelfu, serikali ya Nicolas Sarkozy ilishusha kodi ya ongezeko la thamani ya migahawa kutoka asilimia 19.6 hadi asilimia 5.5, kwa ahadi kwamba bei zingeshuka, ajira zingeongezeka na mishahara ingepanda. Ilikuwa zawadi ya mabilioni ya euro kila mwaka. Wanauchumi Youssef Benzarti na Dorian Carloni, katika utafiti waliouchapisha mwaka 2019, walionyesha kwamba walionufaika zaidi ni wamiliki, wala si wateja au wafanyakazi. Kodi ilirudi kupanda, asilimia 7 mwaka 2012 na asilimia 10 mwaka 2014. Sina ugomvi na nchi inayoamua kuilinda migahawa yake. Ninauliza tu kwa nini dola iliyoweza kutoa mabilioni kwa ajili ya ukumbi wa kulia ilishindwa kutoa karatasi kwa ajili ya jikoni, wakati karatasi hazigharimu hazina kitu.

Hoja nyingine ni kwamba kuwapa vibali ni kuwaalika wengine, na kwamba wahamiaji hushusha mishahara ya wenyeji. Hoja ya kwanza inastahili kusikilizwa. Hakuna nchi isiyo na haki ya kupanga nani aingie. Lakini tunazungumzia watu waliokwisha kuingia, wanaopika, na ambao hakuna mtu makini anayeamini kwamba watafukuzwa wote, kwa sababu nusu ya majiko ya Paris yasingewashwa siku inayofuata. Ama mishahara, kinachoishusha ni kutokuwa na kibali. Anayeweza kusema hapana ndiye anayelipwa vizuri. Mfaransa anayeosha vyombo jirani yake angekuwa wa kwanza kufaidika na karatasi za mwenzake.

Pia kuna njia ya tatu ambayo wenye migahawa wengi wameichagua kimyakimya: kuacha kupika. Kiwanda huleta blanquette na paja la bata ndani ya mfuko wa plastiki, kazi ikabaki kuwa ya kupasha moto. Hali hiyo ilienea kiasi kwamba mwaka 2014 Ufaransa ililazimika kutunga sheria ya alama ya “kimepikwa hapa”, picha ya sufuria yenye paa la nyumba kwa kifuniko. Nchi inayojiona kuwa makao makuu ya mapishi ilihitaji kanuni ya serikali ili mteja ajue kama mpishi amepika. Kwa maoni yangu hilo lina uhusiano wa moja kwa moja na ngazi niliyoitaja. Msaidizi aliyejifunza mchuzi kwa miaka mitatu angepaswa leo kuwa anatafuta pango la mgahawa wake katika mtaa wa kawaida, kama Brazier mwaka 1921. Hawezi. Bila kibali hasajili biashara wala hapati mkopo wa benki. Mzee akistaafu, mahali pake panachukuliwa na duka la simu au na mfuko wa plastiki.

Wapo wanaotoa mifano ya mafanikio kunijibu. Mory Sacko, mtoto wa wazazi waliotoka Mali, alifungua mgahawa wake mjini Paris mwaka 2020 na kupata nyota ya Michelin mapema mwaka 2021. Georgiana Viou, mzaliwa wa Cotonou nchini Benin, alipata ya kwake mwaka 2023 katika jiji la Nîmes. Ninawapongeza kwa moyo wote. Ila mifano hiyo inathibitisha upande wangu: walipopata nafasi ya kisheria ya kusimama, walisimama. Sacko alizaliwa Ufaransa, na kipaji chake hakikuwa na haja ya kujificha polisi wanapokagua treni ya usiku. Na si kila mwajiri amekaa kimya. Januari 2021 mwoka mikate wa Besançon, Stéphane Ravacley, aligoma kula kwa zaidi ya wiki moja ili mwanafunzi wake wa kazi, kijana kutoka Guinea, asifukuzwe nchini. Kijana alipewa kibali. Lakini ni utawala gani huo ambao fundi lazima akaribie kuzirai ndipo mwanafunzi wake aruhusiwe kukanda unga?

Novemba 2010, katika kikao kilichofanyika hapa jirani zetu Nairobi, UNESCO iliuandika “mlo wa sherehe wa Wafaransa” katika orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika wa binadamu. Wengi hudhani kilichotambuliwa ni migahawa. Sivyo, kilichotambuliwa ni desturi ya kuketi pamoja siku ya furaha, kuanzia kinywaji cha kufungulia hadi jibini na kitindamlo, na ufundi wa kuoanisha chakula na mvinyo. Ni desturi nzuri, na sina wivu nayo. Niliposoma maelezo ya urithi huo niliona wale wanaokula wamepewa nafasi pana, na uteuzi wa viambato na upangaji wa meza vimetajwa kwa upendo. Anayebaki na sufuria wageni wakishaondoka hayumo.

Sheria ya uhamiaji ya tarehe 26 Januari 2024 ilikusudiwa, katika rasimu ya awali, kumpa haki ya moja kwa moja mhamiaji anayefanya kazi katika fani zenye uhaba wa watu. Mrengo wa kulia katika Baraza la Seneti uliikataa, na katika maridhiano ya mwisho haki ikageuka kuwa hisani. Mfanyakazi aliyekaa nchini miaka mitatu na kufanya kazi miezi 12 kati ya 24 iliyopita anaweza kuomba bila kupitia kwa mwajiri wake, na hilo ni jambo kubwa kwa yule mtu wa meza kumi na mbili, kwani kwa mara ya kwanza halazimiki kumwomba “kaka” yake saini. Lakini uamuzi unabaki kwa prefekti, mwakilishi wa serikali kuu katika mkoa, ambaye anaweza kukubali au kukataa. Kibali ni cha mwaka mmoja. Na utaratibu wenyewe umewekwa kwa majaribio, ukomo wake ukiwa tarehe 31 Desemba 2026.